Emeric Pressburger: mukimbizi wa Hungaria mwenye aliandika filme kubwa za Uingereza

Wakati filme inamalizika, majina yanapanda haraka-haraka na karibu hakuna mutu anayasoma. Tunakumbuka aktere: ule alipiga risasi, ule alilia, ule alikufa mbele ya mwisho. Lakini mbele aktere afungue kinywa, kuna mutu mwenye alikaa na karatasi akaamua nani ataongea, atasema nini, na nani atakufa. Huyo ni mwandishi wa filme. Kuna pia mwenye alitafuta feza, akachagua watu wa kazi, akafuata kila jambo mupaka filme ifike kwa watu. Huyo wanamwita produktere.

Leo tunaeleza maisha ya mutu mumoja mwenye alifanya kazi hizo mbili pamoja: Emeric Pressburger, muzaliwa wa Hungaria. Alianza maisha upya mara tatu, mu Berlin, mu Paris na mu London. Alijifunza Kiingereza wakati alikuwa tayari amepita miaka 30, na katika luga hiyo akaandika filme zenye Waingereza wanahesabu mupaka leo kati ya kazi zao kubwa. Tena zingine aliziandika katikati ya vita, wakati kila upande ulikuwa unaonyesha adui sawa nyama wa pori. Yeye alikataa kufanya hivyo, hata kama adui huyo alimufukuza, na kisha akaua mama yake. Sisi wa mashariki ya Congo tuko na sababu ya kujua namna gani aliweza.

Mutoto wa Miskolc

Alizaliwa tarehe 5 mwezi wa 12 mwaka wa 1902 mu muji wa Miskolc. Wakati ule Hungaria ilikuwa ndani ya ufalme mukubwa wa Austria-Hungaria. Jina lenye wazazi walimupa ni Imre. Walikuwa Wayahudi, na baba yake alikuwa na kazi ya kusimamia mashamba makubwa. Walimutuma ku masomo ya internat mu muji wa Temesvár, na kule akaonekana kuwa na akili ya hesabu, ya vitabu na ya muziki.

Kisha Vita ya Kwanza ya Dunia (1914-1918), ufalme ule ulivunjika. Mapatano ya Trianon ya mwaka wa 1920 yaliondolea Hungaria zaidi ya nusu ya udongo wake. Temesvár ikapewa Romania, na leo inaitwa Timișoara. Kwa hiyo muji wenye kijana huyo alisomea uliingia mu inchi ingine, na hakuna mutu wa kule mwenye aliulizwa kwanza. Watu wenye wanaishi karibu na mipaka wanajua kama mupaka unaweza kuhama wakati watu hawajahama.

Alienda kusoma iniversite mu Prague, kisha mu Stuttgart kule Ujerumani, njia ya hesabu na injenia. Halafu baba yake akakufa. Feza ya masomo ikakosekana, akaacha. Mwaka wa 1926 akafika Berlin pasipo diploma na pasipo kazi.

Berlin: kutoka gazeti mupaka sinema

Berlin ya wakati ule ilikuwa muji wa sinema kupita miji mingi ya Ulaya. Kijana wetu, mwenye sasa alikuwa anaandika jina lake Emmerich, aliishi katika umasikini mukubwa. Kuna wakati alikosa hata fasi ya kulala. Aliandika hadisi fupi na kuzituma ku magazeti. Polepole zikaanza kuchapwa. Kisha kampuni ya UFA, yenye ilikuwa kubwa kupita zote katika sinema ya Ujerumani, ikamupa kazi ku biro yenye ilikuwa inasoma na kutengeneza senario.

Hapa tusimame kidogo. Senario ni nini? Haiko kitabu cha kusoma ku kitanda. Ni karatasi zenye zinaeleza filme kipande kwa kipande: tuko wapi, ni muchana ao usiku, nani anaingia, anafanya nini, anasema nini. Kitu chenye hakiwezi kuonekana ao kusikika hakina nafasi mule. Mwandishi wa kitabu anaweza kuandika tu kama mutu fulani alikuwa na uchungu. Mwandishi wa filme anapaswa kutafuta kitu chenye kamera inaweza kukamata: mukono wenye unatetemeka, sahani yenye inabaki na chakula, mutu mwenye anaanza kusema neno na analiacha. Kazi hiyo njo Pressburger alijifunza mu Berlin.

Mwaka wa 1930 ilitoka filme Abschied, maana yake "Kuagana". Aliiandika pamoja na Irma von Cube, na Robert Siodmak akaiongoza. Karibu yote inapita ndani ya nyumba moja yenye watu wanapanga vyumba. Ilikuwa moja kati ya filme za kwanza za Ujerumani zenye sauti, na jina lake likaanza kujulikana. Mu miaka ile walikuwa Berlin pia Max Ophüls na Billy Wilder, wenye kisha walikuwa wakubwa wa sinema. Wote hao, Siodmak, Ophüls, Wilder na Pressburger, walikuwa Wayahudi. Na wote watakimbia.

Funguo ku mulango

Hitler alishika utawala tarehe 30 mwezi wa 1 mwaka wa 1933. Mbele ya mwisho wa mwezi wa 3, wakubwa wa UFA waliamua kufukuza wafanyakazi Wayahudi. Hawakungojea hata sheria iwalazimishe. Pressburger alikuwa na miaka 30. Kazi yenye alitafuta kwa njaa mingi ilimalizika kwa karatasi moja.

Kuna jambo moja lenye linasimuliwa sana juu ya kuondoka kwake. Wanasema aliacha funguo ku mulango wa nyumba yake, ili askari wa Wanazi wakikuja wasihangaike kuuvunja. Watu wa kwetu wamezoea kinyume: mutu akikimbia anafunga mulango, anaweka funguo mu mufuko ao anazifunga ku kitenge, sababu anasema nitarudi. Mwenye kuacha funguo ku mulango amekwisha kuelewa kama hatarudi.

Alienda Paris. Akajikaza mu Kifaransa, akaandika tena, na jina lake liko ku filme La Vie parisienne yenye Siodmak, mukimbizi sawa yeye, aliongoza kule. Lakini Paris ilikuwa imejaa waandishi wenye walikimbia Berlin, na kazi ilikuwa kidogo kwa watu wengi. Mwaka wa 1935 akavuka kuenda Uingereza, na karatasi za mutu mwenye hana inchi. Kiingereza chake kilikuwa kidogo sana.

Korda na Powell

Mu London alikuta ndugu wa inchi yake. Mukubwa wao alikuwa Alexander Korda, Muhungaria pia, mwenye kampuni ya London Films. Mwaka wa 1933 Korda alikuwa amepata sifa dunia nzima kwa filme juu ya mufalme Henry VIII. Ndugu zake Zoltan na Vincent walifanya kazi pamoja naye, na Wahungaria wengine walikuwa wanapita-pita ku biro yake kutafuta maisha. Kila mukimbizi anajua kitu hicho: unapofika mu muji mugeni, unauliza kwanza watu wa kwenu wako wapi.

Korda alimukamata kazi. Akamupa senario yenye ilikuwa na shida: filme ya upelelezi yenye jina The Spy in Black, juu ya mukubwa wa manowari ya Ujerumani mu Vita ya Kwanza. Realizatere, ni kusema mwenye kuongoza filme, alikuwa Michael Powell, Muingereza mwenye alizaliwa mwaka wa 1905 mu jimbo la Kent. Powell alisimulia kisha namna Muhungaria mufupi, mwenye hakuwa anaongea sana, alitoa karatasi mu mukutano na kugeuza hadisi yote juu chini. Mwenye filme haikuwa imependeza alikasirika. Powell alifurahi: alijua kama amepata mutu mwenye anajua kujenga hadisi.

Filme ilitoka mwezi wa 8 mwaka wa 1939, wiki chache tu mbele ya vita. Mutu mukubwa ndani yake ni Mujerumani, kapiteni Hardt, na mwenye kuangalia anaanza kumupenda. Aktere mwenye alimucheza, Conrad Veidt, alikuwa pia amekimbia Wanazi. Tangu hapo Powell na Pressburger walifanya kazi pamoja karibu miaka 20.

Filme ya kuita Amerika ku vita

Vita ilipoanza, serikali ya Uingereza ilijua kama bila Marekani mambo yatakuwa magumu. Lakini Marekani ilikuwa bado haijaingia. Wizara ya Habari ya Uingereza ikakubali kutoa sehemu ya feza kwa filme moja yenye ingegusa moyo wa Wamarekani. Pressburger akatafuta hadisi: manowari ya Ujerumani inalipuliwa ku Kanada, askari 6 wanabaki wazima, wanajaribu kuvuka inchi yote ile kubwa ili wafike Marekani, fasi yenye haina vita bado. Filme inaitwa 49th Parallel, jina la mustari wa mupaka kati ya Kanada na Marekani. Ilitoka mwaka wa 1941.

Angalia namna aliipanga. Adui ndiye tunafuata tangu mwanzo mupaka mwisho. Mukubwa wao, luteni Hirth, ni Munazi kamili, na filme haifiche ukali wake. Lakini kati yao kuna mumoja anaitwa Vogel, mwenye alikuwa fundi wa mikate mbele ya vita. Wanafika ku kijiji cha Wahuteri, Wakristo wenye babu zao walitoka pia kule Ulaya. Vogel anawapikia mikate, anapendwa, anataka kubaki afanye kazi yake. Wenzake wanamuhukumu kuwa mukimbia jeshi na wanamupiga risasi. Hivyo mutu mwenye kuangalia anaelewa mambo mawili kwa mara moja: utawala wa Wanazi ni mubaya, na si kila Mujerumani ni Munazi. Wakati bombe zilikuwa zinaanguka ku London, kuandika jambo hilo la pili kuliomba roho nguvu.

Mwaka wa 1943 Pressburger alipewa Oscar ya hadisi bora kwa filme hiyo. Mwaka ule jina lake lilikuwa kati ya wenye wangeweza kushinda mu sehemu tatu za uandishi, mbili kwa 49th Parallel na moja kwa One of Our Aircraft Is Missing. Na wakati huohuo, kwa karatasi za serikali ya Uingereza, yeye alikuwa mugeni kutoka inchi adui, sababu Hungaria ilikuwa upande wa Hitler na Uingereza iliitangazia vita mwezi wa 12 mwaka wa 1941. Watu walipiga makofi kwa filme yake, na polisi ilikuwa inaangalia karatasi zake.

Filme yenye Churchill hakutaka

Mwaka wa 1943 ilitoka The Life and Death of Colonel Blimp. Ni hadisi ya ofisa wa Uingereza, Clive Candy, na ofisa wa Ujerumani, Theo. Mwaka wa 1902 wanapigana na panga mu Berlin juu ya matusi yenye Candy alitoa, wote wanaumia, na mu hospitali wanakuwa marafiki. Urafiki huo unapita vita mbili. Candy anazeeka akiamini kama vita inapigwanishwa kwa heshima, sawa mupira wenye refari. Theo ndiye anamwambia kama Wanazi hawachezi muchezo huo.

Waziri mukuu Churchill na wakubwa wa jeshi hawakufurahi. Waliona filme inacheka maofisa wa Uingereza na inapendeza Mujerumani. Jeshi lilikataa kuwapa aktere Laurence Olivier, mwenye walikuwa wanamutaka. Churchill mwenyewe aliandikia waziri wa habari kutafuta namna ya kuizuia. Lakini hawakupata sheria ya kuikataza, na filme ikaonyeshwa mu London. Walichelewesha tu kuituma inje ya inchi. Hapa kuna jambo la kukumbuka: inchi ilikuwa mu vita ya kufa na kupona, na bado watu waliweza kuonyesha filme yenye mukubwa wa serikali hakuipenda.

Kuna kipande kimoja mu filme hiyo chenye wengi wanasema kinatoka moja kwa moja mu maisha ya Pressburger. Theo amezeeka. Anafika Uingereza kuomba kimbilio, na anakaa mbele ya muzungumuzaji wa serikali mwenye anamuuliza kwa nini alikuja. Anajibu polepole. Muke wake, mwenye alikuwa Muingereza, alikufa. Watoto wake wanaume wawili wamekuwa Wanazi wazuri, na hawakukuja hata ku maziko ya mama yao. Aktere ni Anton Walbrook, Muaustria mwenye alikimbia pia. Kamera inabaki ku uso wake, haitoke. Mutu yeyote mwenye aliisha kukaa mbele ya meza ya kuandikisha wakimbizi atakitambua kipande hicho pasipo kutafsiriwa.

Mama

Pressburger alikuwa ameacha mama yake Hungaria. Mwezi wa 3 mwaka wa 1944 jeshi la Ujerumani liliingia kule. Kati ya mwezi wa 5 na mwezi wa 7, kwa wiki karibu 8, Wayahudi zaidi ya 400 000 walipakizwa mu treni, na wengi wao walipelekwa Auschwitz. Mama ya Pressburger alikufa kule, pamoja na watu wengi wa jamaa yake.

Yeye alikuwa London, mutu wa jina, mwenye kazi na nyumba. Uchungu wa kutomutosha mama yake mbele ya wakati haukumutoka mupaka kufa. Hakufanya filme yoyote juu ya jambo hilo. Lilitoka miaka zaidi ya 20 kisha, mu kitabu, na tutarudia hapo.

Nani alifanya nini

Mwaka wa 1943 yeye na Powell walisimamisha kampuni yao, The Archers, ni kusema "Wapiga Mishale". Alama yao ilikuwa shabaha yenye mushale unaingia. Na ku mwanzo wa filme waliweka maneno yenye yalishangaza watu: kama filme imeandikwa, imetengenezwa na imeongozwa na Michael Powell na Emeric Pressburger, wote wawili, pasipo kugawanya.

Kwa kweli kazi walikuwa wanagawanya. Pressburger alitafuta hadisi na kuijenga, akaandika ya kwanza. Powell aliichukua, akaiandika tena, hasa maneno ya kusema, akairudisha. Karatasi zilikuwa zinaenda na kurudi hivyo mupaka wote wawili waridhike. Ku fasi ya kamera, Powell ndiye aliongoza. Pressburger alisimamia kazi ya produktere: feza, mapatano, watu, wakati. Kisha alirudi sana ku kukata na kuunganisha vipande vya filme na ku muziki, sababu masikio ya muziki alikuwa nayo tangu mutoto.

Kwa nini basi kuweka majina mawili kwa kila kitu? Sababu walikuwa wanaona filme ni kazi moja. Kwa kawaida, mu kampuni nyingi, mwandishi anauzisha karatasi zake, anapewa feza, na hana sauti tena. Wanaweza kubadilisha mwisho, kuua mutu mwenye yeye aliacha muzima, na yeye ataona siku ya kuonyesha. Pressburger alipokuwa pia produktere, hakuna mutu angeweza kumufanyia hivyo. Njo maana kazi hizo mbili pamoja zilikuwa na nguvu: moja inaandika hadisi, ingine inailinda. Feza ilikuwa inatoka kwa tajiri J. Arthur Rank, mwenye kwa miaka kadiri aliwaacha wafanye vile wanataka.

Viatu vyekundu

Miaka ya kutoka 1943 mupaka 1948 ilikuwa ya mavuno. Mwaka wa 1946 ilitoka A Matter of Life and Death: rubani wa ndege anaruka pasipo parashuti na hakufa, sababu mujumbe wa kule juu alimupotezea mu ukungu. Anapelekwa ku tribinali ya mbinguni ajitetee juu ya haki ya kuishi. Dunia iko ya rangi, mbingu iko nyeusi na nyeupe. Filme hiyo ilichaguliwa kuonyeshwa mbele ya mufalme wa Uingereza mwezi wa 11 mwaka ule. Mwaka uleule Pressburger alipewa uraia wa Uingereza.

Mwaka wa 1947 ilifuata Black Narcissus, juu ya masista ku milima ya Himalaya. Milima yenyewe ilichorwa na kujengwa Uingereza. Filme ikapata Oscar mbili, moja kwa picha, moja kwa kupamba.

Mwaka wa 1948 ilitoka The Red Shoes, "Viatu Vyekundu", juu ya binti mucheza dansi mwenye analazimishwa kuchagua kati ya dansi na ndoa. Pressburger alikuwa ameiandika mbele ya vita kwa Korda, na Korda aliiweka mu kabati. Powell na Pressburger wakainunua. Ndani yake kuna kipande cha dansi cha zaidi ya dakika 15 chenye hakina neno hata moja. Wakubwa wa kampuni ya Rank walipoiona hawakuipenda, wakaiachilia pasipo kelele. Lakini mu New York sale moja iliendelea kuionyesha zaidi ya miaka miwili, kila siku, na ikapata Oscar mbili, ya kupamba na ya muziki. Somo liko wazi: wenye feza wanaweza kukosea juu ya kile watu wanataka.

Miaka ya kimya

Kisha mambo yalianza kushuka. Feza ilipungua, uhuru ukapungua, na filme zingine hazikupendwa. Filme yao ya mwisho ya The Archers ilitoka mwaka wa 1957, na wakaachana. Hawakugombana, walibaki marafiki, na wakafanya tena pamoja filme moja mu Australia mwaka wa 1966 na ingine ya watoto mwaka wa 1972.

Pressburger akaandika vitabu. Cha kwanza, cha mwaka wa 1961, kilitengenezwa filme mu Hollywood mwaka wa 1964 na Gregory Peck. Cha pili kilitoka mwaka wa 1966, kinaitwa The Glass Pearls. Ni juu ya fundi wa kutengeneza piano mu London, mutu mutulivu, mwenye anapenda muziki. Polepole musomaji anagundua kama alikuwa munganga wa Wanazi mwenye alifanya majaribio juu ya wafungwa, na sasa anaogopa kukamatwa.

Mutu mwenye mama yake alikufa mu Auschwitz aliandika kitabu kizima kutoka ndani ya kichwa cha mutu wa namna hiyo. Hakumusamehe, na uovu wake hakuuficha. Alionyesha tu kama mwuaji anaweza kuwa jirani mwenye sauti ya upole. Wakati kilitoka, karibu hakuna mutu alikijali. Kimechapwa tena mu miaka yetu hii, na wasomaji wapya wanakishangaa.

Alizeekea mu nyumba ndogo ya kijiji mu jimbo la Suffolk. Kiingereza chake kilibaki na sauti ya Hungaria siku zote. Mupira alipenda sana, na ekipe yake ilikuwa Arsenal. Mwaka wa 1981 wakubwa wa sinema ya Uingereza walimupa yeye na Powell heshima yao ya juu. Mwamerika Martin Scorsese, mwenye alikuwa anaangalia filme zao tangu utoto, alisaidia sana kuzirudisha mbele ya watu. Pressburger alikufa tarehe 5 mwezi wa 2 mwaka wa 1988, na miaka 85.

Jamaa imeendelea na kazi. Wajukuu wake wawili, Andrew na Kevin Macdonald, ni watu wa filme. Kevin aliandika kitabu juu ya maisha ya babu yake. Ndiye pia aliongoza The Last King of Scotland, filme juu ya Idi Amin, na Andrew alikuwa kati ya maproduktere wake. Walipiga picha zake kwa majirani zetu, Uganda, na mwaka wa 2007 Forest Whitaker alipata Oscar kwa kumucheza Amin. Wengi kwetu waliiangalia pasipo kujua kama hao ni wajukuu wa mukimbizi wa Miskolc. Na pale tena, mutu mwenye aliua watu wengi anaonyeshwa akicheka, akipendeza watu, na uovu wake haufichwe.

Kitu gani tunabakia nacho

Kwetu kuna vijana wengi wenye wanapiga filme na telefone, na wengi wanaanza na kamera. Maisha ya Pressburger yanaonyesha kama kazi inaanza mbele, ku karatasi, na karatasi hazihitaji feza mingi. Yanaonyesha pia kama mwenye kuandika anapaswa kujua mapatano na hesabu, ao wengine watamalizia hadisi yake vile wanataka.

Lakini kuna kubwa kupita hilo. Wakati wa vita ni rahisi sana kutuma audio ku WhatsApp yenye inasema kabila fulani wote ni nyoka. Inachukua dakika moja, na inaweza kuua mutu mwenye hakufanya kitu. Pressburger alikuwa na kila sababu ya kusema hivyo juu ya Wajerumani wote. Aliandika Hirth na akaandika Vogel, mu manowari moja, na uniforme moja. Mubaya alimwita mubaya kwa jina lake na kwa matendo yake. Mwenye kupika mikate hakumuhesabu pamoja naye.